Kicheko kilichozikwa mara mbili

Asante ya punda ni mateke. Methali hii nimeikumbuka mara nyingi majuma haya kwa sababu ya mtu mmoja aliyeitwa John Bunny. Yamkini jina hilo halikuambii kitu, msomaji wangu, nami nakiri kuwa halikuwa likiniambia kitu hadi hivi karibuni. Ilhali mnamo mwaka wa 1912 uso wa mtu huyu ulikuwa miongoni mwa nyuso zilizojulikana zaidi ulimwenguni. Alitambuliwa mitaani New York, akatambuliwa London, na huko Urusi watazamaji walimpachika jina la kwao wenyewe. Alikuwa mchekeshaji wa filamu zisizo na sauti, na kwa muda wa miaka mitano hivi aliyavunja mbavu mataifa bila ya kutamka neno.

Leo ukiwauliza watu ni nani aliyekuwa mcheshi wa filamu bubu, wengi watakutajia Charlie Chaplin, na hawatakosea. Lakini Bunny alimtangulia. Nataka kuyasimulia maisha yake kwa sababu naona yana funzo kwetu sisi tunaopenda sana kuchekeshwa, na tulio wavivu wa kuwakumbuka wanaotuchekesha.

Nilimfahamu kwanza kupitia filamu ya mwaka wa 1914 iitwayo Hearts and Diamonds, iliyoongozwa na George D. Baker. Jina hilo tungeweza kulitafsiri kuwa Kopa na Uru, na kwa wacheza karata wa kwetu tafsiri hiyo ingetosha. Hata hivyo, jina hilo lina fumbo ndani yake. Kopa ni moyo, na moyo ni mapenzi. Neno la Kiingereza la uru nalo ndilo hilo hilo linalotumiwa kwa almasi, na ndilo Wamarekani wanalouitia uwanja wa besiboli. Kwa hiyo katika jina hilo moja kuna mapenzi, mali na mpira, na filamu nzima imejengwa juu ya mambo hayo matatu.

Kwa Wamarekani wa enzi hizo besiboli ilikuwa kama kandanda ilivyo kwetu. Mchezaji mmoja hurusha mpira, mpinzani wake huupiga kwa gongo, kisha hutimua mbio kuzizunguka pembe nne za uwanja kabla ya mpira kurudishwa. Kutoka pembe moja hadi nyingine ni futi 90, yaani mita 27 na ushei. Ukisimama mahali anaposimama mpigaji na kuutazama uwanja ulio mbele yako, utaona umbo la uru kama lilivyo kwenye karata.

Katika filamu hiyo Bunny ni baba mjane mwenye mabinti. Anamwania mwanamke mwenye mali, na mwanamke huyo ni shabiki sugu wa besiboli. Basi mzee anafanya kile ambacho wanaume wa kila zama wamekifanya ili kupendeza: anajitia kuwa mtu wa mchezo ule. Anaunda timu, anavaa jezi, anaingia uwanjani. Hapo ndipo kilipo kichekesho, maana uzani wa Bunny ulipita kilo 110 na mwili wake ulikuwa wa mviringo kama mtungi. Mwanamke anayewaniwa ni Flora Finch, aliyekuwa mrefu na mwembamba kama ufito, mwenye pua iliyochongoka na macho yasiyopitwa na jambo. Inatosha kuwaona wawili hao wamesimama pamoja ili kicheko kikutoke kabla ya lolote kutendeka.

Niliitazama filamu hiyo sebuleni kwangu, bila sauti, kama ilivyotengenezwa. Mke wangu alikuwa akipita na ungo wa mchele mkononi, akasimama mlangoni kidogo tu. Kidogo hicho kilikwenda hadi mwisho wa filamu, na mchele haukuchaguliwa. Alipoketi hatimaye aliniuliza swali moja, kama watu wale walikuwa mume na mke kweli.

Swali hilo ndilo walilojiuliza watazamaji wa zaidi ya karne moja iliyopita. Bunny na Finch walikutanishwa na kazi, wakaigiza pamoja katika filamu nyingi, na aghalabu walikuwa mume na mke waliochoshana. Watu wengi waliamini kuwa wameoana. Ukweli ni kwamba Bunny alikuwa ameoa tangu mwaka wa 1890 na alikuwa na wana wawili. Kuhusu Finch, imeandikwa mara nyingi kuwa yeye na Bunny hawakupatana sana nje ya kamera. Ikiwa ni kweli, basi ugomvi wao wa kuigiza ulikuwa na viungo vya kutosha.

Turudi mwanzo. John Bunny alizaliwa mjini New York tarehe 21 Septemba 1863, wakati Marekani ikiwa katika vita vya wenyewe kwa wenyewe. Baba yake alikuwa mhamiaji kutoka Uingereza. Alilelewa Brooklyn, na alipokuwa kijana aliajiriwa kuwa karani katika duka la vyakula. Alipofikia umri wa miaka 20 aliliacha duka na mizani yake, akaandamana na kikundi cha waimbaji na wachekeshaji waliokuwa wakizuru miji. Sitaificha aina ya kikundi hicho. Vilikuwa vikundi vya Wazungu waliojipaka masizi usoni na kuwaigiza Wamarekani weusi kwa dhihaka. Ndiko walikoanzia wachekeshaji wengi wa kizazi chake, na hilo ni doa katika historia ya ucheshi wa Marekani ambalo kicheko hakiwezi kulifuta.

Baada ya hapo alidumu katika kazi ya jukwaa kwa zaidi ya miaka 25. Aliigiza, aliimba, alisimamia maonyesho, akasafiri na makundi makubwa na madogo. Mwaka wa 1906 alifika mahali ambapo mwigizaji yeyote angejivunia. Katika tamthilia ya Shakespeare iitwayo A Midsummer Night's Dream, iliyoonyeshwa Broadway na kundi la mwigizaji Annie Russell, Bunny alipewa nafasi ya Bottom, yule mfumaji ambaye kichwa chake kinageuzwa kuwa cha punda. Hakuwa mtu wa kubahatisha, basi. Alikuwa fundi aliyeiva.

Hata hivyo, mwaka wa 1910, akiwa anakaribia umri wa miaka 47, alifanya uamuzi ambao wenzake wengi waliuona kuwa wazimu. Wakati huo kumbi ndogo za sinema, ambazo kiingilio chake kilikuwa senti tano, zilikuwa zimezagaa katika miji ya Marekani. Wafanyakazi, wahamiaji na watoto walizijaza kila jioni. Waigizaji wa jukwaani walizidharau. Kwao filamu ilikuwa kazi ya mtu aliyekosa kazi, na baadhi yao walioifanya kwa dhiki hawakupenda majina yao yajulikane. Bunny aliyahesabu mambo kwa namna nyingine. Aliona watazamaji wanahama, akaona afadhali ahame nao. Alikwenda katika kampuni ya Vitagraph, iliyokuwa na studio zake Flatbush huko huko Brooklyn, akakubali ujira mdogo kuliko aliokuwa akiupata jukwaani.

Kampuni haikujuta. Katika miaka mitano iliyofuata Bunny alionekana katika filamu zaidi ya 150. Nyingi kati yazo zilikuwa za mkanda mmoja, yaani dakika 10 hadi 15. Hiyo ni kazi ya kumchosha kijana, sembuse mtu wa makamo mwenye mwili mzito na, kama ilivyodhihirika baadaye, figo zilizokuwa zikidhoofika.

Siri ya mafanikio yake haikuwa unene peke yake. Wanene walikuwa wengi. Bunny alijua kuutumia uso wake. Kamera ilipomkaribia, ungeweza kuyasoma mawazo yake yakipita moja baada ya jingine: uroho, aibu, hila, hofu ya mke, kisha ile furaha ya mtoto aliyeona sukari. Vichekesho vyake havikuwa vya kukimbizana na kuangushana kama vile ambavyo kampuni ya Keystone ilianza kuvitengeneza mwaka wa 1912. Vilikuwa vichekesho vya nyumbani. Mume amechelewa kurudi, mke amenusa uongo, jirani amechungulia, pesa za matumizi zimepotea. Mambo hayo hayahitaji mkalimani, na ndiyo maana yalieleweka ng'ambo kama yalivyoeleweka Brooklyn.

Mfano bora ni filamu ya A Cure for Pokeritis iliyotolewa mwaka wa 1912 na kuongozwa na Laurence Trimble. Bunny ni mume mwenye uraibu wa kucheza poka, yaani karata za pesa. Usiku mmoja anarudi nyumbani akiwa ameliwa, anamlia mkewe, Flora Finch, na kula kiapo kuwa hatashika karata tena. Haupiti muda, rafiki yake anambunia njia. Wanadai kuwa wamejiunga na chama cha siri kiitwacho Wana wa Alfajiri, ambacho hukutana kila Jumatano usiku. Mke anaamini, hadi mume anapoanza kuropoka habari za karata usingizini. Hapo mama anamtuma binamu yake amfuate bwana. Binamu huyo na wenzake wa darasa la Biblia wanavaa sare za polisi na kuivamia meza ya karata, huku wake wakisubiri nje. Polisi hao bandia hawamfungi mtu. Wanawakabidhi wanaume kwa wake zao, na kila mwenye ndoa anajua kuwa hiyo ndiyo adhabu kubwa zaidi.

Ukiitazama kwa makini utaona kuwa Finch si chombo cha kuchekewa tu. Ana akili kuliko mumewe na anashinda kwa mpango, wala si kwa kelele. Katika zama ambapo wanawake wa Marekani walikuwa bado hawajahakikishiwa kura na katiba ya nchi yao, haki waliyoipata mwaka wa 1920, si jambo dogo kwamba watazamaji walilipa senti zao kumwona mke akimweka mume mahali pake. Mke wangu, ambaye baada ya ile ya kwanza alidai aonyeshwe nyingine, hakuwa na shaka ni nani aliyekuwa mwigizaji bora.

Mwaka huo huo wa 1912 Vitagraph ilimtuma Bunny Uingereza kutengeneza filamu kutoka katika riwaya ya Charles Dickens, The Pickwick Papers. Yeye alikuwa Bwana Pickwick mwenyewe, na filamu ilitolewa mwaka wa 1913. Katika safari hiyo hakupewa nafasi ya kupumzika. Melini alitengenezewa filamu ya Bunny All at Sea, na alipofika Uingereza akatengenezewa nyingine katika mashindano ya farasi ya Derby. Umaarufu wake ulikuwa umefika kiwango ambacho jina lake liliwekwa katika kichwa cha filamu kama alama ya biashara inavyobandikwa kwenye mkebe wa majani ya chai. Watu hawakuuliza hadithi inahusu nini. Waliuliza kama Bunny yumo.

Kisha yakatokea mambo mawili kwa pamoja. La kwanza, mnamo Februari 1914 filamu za kwanza za Charlie Chaplin zilianza kuonyeshwa, na wepesi wa kijana yule ulibadilisha ladha ya watazamaji kwa kasi ya kutisha. La pili, Bunny aliamua kurudi jukwaani. Aliunda onyesho la kusafiri lililoitwa Bunny in Funnyland, akazunguka nalo katika miji ya Marekani mwaka wa 1914 na kuingia 1915. Labda aliwaza kwamba waliompenda kivulini wangempenda zaidi ana kwa ana. Haikuwa hivyo. Onyesho halikufua dafu, na afya yake ikavunjika. Alirudi Brooklyn akiwa mgonjwa wa figo, na tarehe 26 Aprili 1915 akafariki nyumbani kwake. Alikuwa na umri wa miaka 51.

Kifo hicho kiliandikwa magazetini kama kifo cha mtu mkubwa. Kwa mtu aliyechekesha, hiyo ilikuwa heshima isiyo ya kawaida. Lakini heshima ya tanzia ni ya siku moja. Flora Finch alijaribu kuendelea peke yake, akaanzisha hata kampuni yake, lakini haikudumu. Katika miaka iliyofuata alipata nafasi ndogo ndogo, mojawapo ikiwa katika filamu maarufu ya 1927, The Cat and the Canary. Alifariki Los Angeles tarehe 4 Januari 1940. Vitagraph yenyewe ilinunuliwa na Warner Bros. mwaka wa 1925, na miaka michache baadaye sauti ikaingia katika filamu. Kila kilichokuwa bubu kikageuka kuwa takataka.

Hapa ndipo alipozikwa mara ya pili, na mazishi haya ndiyo yanayoniuma. Filamu za enzi hizo zilikuwa za selulosi naitreti, kitu ambacho hushika moto kwa urahisi na ambacho huoza kikiwekwa ovyo. Baadhi ziliungua. Baadhi ziligeuka unga ndani ya mikebe yake. Nyingine ziliyeyushwa ili kupata madini ya fedha yaliyokuwamo ndani yake, kwa kuwa wenye mali waliona fedha hiyo ina thamani kuliko kicheko. Uchunguzi uliotolewa na Maktaba ya Bunge la Marekani mwaka wa 2013 ulionyesha kuwa kati ya filamu ndefu 10,919 za Marekani zilizotolewa katika enzi ya ububu, ni asilimia 14 tu zilizobaki zikiwa kamili katika hali yake ya asili. Hizo ni zile ndefu, zilizoonekana kuwa na hadhi. Vichekesho vifupi kama vya Bunny vilithaminiwa hata kidogo zaidi, na sehemu kubwa ya zile zaidi ya 150 imepotea.

Waungwana watasema kuwa alikumbukwa. Ni kweli kwamba mwaka wa 1960 aliwekewa nyota katika njia ya mashuhuri huko Hollywood, na kwamba mwaka wa 2011 ile filamu ya mume mcheza poka iliingizwa katika orodha ya taifa ya filamu zinazostahili kuhifadhiwa. Nafurahia yote mawili. Lakini nyota chini ya miguu ya wapita njia haichekeshi. Mcheshi hakumbukwi kwa jina lake likisomwa, hukumbukwa kwa kazi yake ikitazamwa na mtu akacheka. Kama mkanda haupo, jina ni maandishi ya kaburini.

Nimejiuliza kwa nini wachekeshaji huponyokwa na historia kwa wepesi hivi, ilhali hotuba za wanasiasa, ambazo aghalabu hazina hata nusu ya faida yake, zinawekwa katika makabati. Nadhani ni kwa sababu tunaamini kuwa kucheka ni mchezo, na mtu anayetuchekesha hafanyi kazi. Tunasahau kwamba Bunny alisomea kicheko kwa zaidi ya miaka 25 jukwaani kabla ya kamera kumwona. Tunasahau pia kwamba kicheko ni ushahidi. Mtu akitaka kujua mume na mke wa Brooklyn mwaka wa 1912 waliishi vipi, meza yao ilikuwaje, waliogopana kwa lipi na walisameheana kwa lipi, ataona mengi katika dakika zile kumi na ushei ambayo sheria na takwimu za wakati huo hazimwambii.

Lile swali la mke wangu linanirudisha nyumbani. Sisi nasi tulikuwa na mume na mke wetu wa kuigiza. Kwa miaka mingi katika kipindi cha Vitimbi, Wakenya wengi waliamini kuwa Mzee Ojwang' na Mama Kayai ni mume na mke kweli. Mzee Ojwang', ambaye jina lake halisi lilikuwa Benson Wanjau, alituaga mwaka wa 2015, na taifa zima lilimlilia. Machozi yale yalikuwa ya kweli, sina shaka. Lakini waliomlilia Bunny mwaka wa 1915 nao walilia kweli. Kilichomponza si kukosa wa kumlilia, ni kukosa wa kumtunzia mikebe.

Kwa hiyo swali langu kwa wenye dhamana ya utangazaji na kumbukumbu za taifa ni dogo na lina jibu. Kanda za vichekesho vyetu vya miaka iliyopita, ngapi zipo, ziko katika hali gani, na ni nani mwenye ufunguo wa chumba? Ninaomba zihesabiwe, zinakiliwe kwa mitambo ya kisasa, na ziwekwe mahali ambapo mjukuu anaweza kuziomba na kuonyeshwa. Kazi hiyo haihitaji jopo wala warsha. Inahitaji daftari, mtu mwadilifu wa kuliandika, na fedha kiasi.

Jioni ile, filamu ya Kopa na Uru ilipokwisha, mke wangu aliuchukua ungo wake akarudi jikoni, nami nikamsikia akicheka peke yake kule ndani. Bunny alikuwa amekufa miaka mingi kabla ya yeyote kati yetu kuzaliwa. Mkanda mmoja tu uliosalimika ulitosha.